Mbwa wa Chaki Katika Chumba cha Kufulia

Jambo hili lote lilimgharimu baba yangu krona mia mbili, thamosi ya chai ambayo hakurudishiwa, na viatu vyangu vya baridi. Nimehesabu mara mbili, kwa kuwa ndiyo kazi yangu. Nauza vitenge na vyombo vya jikoni kwenye soko la Jumapili, na muuzaji anayehesabu mara moja hurudi nyumbani na mkoba mwepesi. Kuna gharama nyingine, ila hiyo sikuiona wakati ule, na hata leo sijui niiandike upande gani.

Kilichonirudisha huko ni harufu. Baba ametutoka karibu mwaka sasa, na mama anahama kutoka ghorofa ya tatu kwenda nyumba ndogo ya chini, jengo hilohilo la Hjulsta, hapa Stockholm, kwa sababu ya magoti. Nilishuka na binti yangu Aline kumwaga stoo yao, kile kizimba cha waya chini ya jengo ambamo kila familia huweka vitu inavyoona aibu kuvitupa. Nyuma ya masanduku ya safari tukakuta boksi limefungwa kwa kamba ya kuanikia nguo. Nilijua fundo lile. Nikalifungua, ikanipiga puani: vumbi lililoungua juu ya taa, limechanganyika na sabuni ya unga. Aline aliyeshika tochi aliniuliza kwa Kiswidi kwa nini nimekaa chini kwenye sakafu chafu. Sikuwa na habari kwamba nimekaa.

Ndani mlikuwa na projekta ya chuma, nzito kama cherehani, na makopo saba ya filamu. Makopo sita ya katuni za zamani, zile za kabla sinema hazijajua kusema, na moja lililokuwa tupu tangu siku tuliyolinunua. Baba alilipia makopo saba. Kwa hiyo mia mbili haikuwa bei nzuri kama alivyojisifu.

Aliinunua Märsta, kwenye uwanja ambapo Waswidi humwaga vitu vya mababu zao juu ya meza siku za Jumamosi. Alikuwa ametoka zamu ya usiku, kusafisha ndege, nami na mama tulikwenda kumpokea stesheni ili twende kununua viatu. Mama aliingia dukani kutafuta mkate. Mimi na baba tukapita mezani kwa mzee mmoja aliyevaa kofia ya masikio. Baba akaiona projekta, akasimama.

"Mia tatu," mzee akasema.

"Mia moja," akasema baba.

Mzee akamwangalia kama mtu aliyeulizwa swali la ndoa yake. Huku watu huandika bei kwenye karatasi na karatasi ikawa ndiyo imesema. Baba akamimina chai kutoka kwenye thamosi, akampa. Yule mzee akanywa. Baba akamweleza kwa Kiswidi chake cha wakati ule, maneno kama thelathini hivi, kwamba mashine ni kuukuu, taa itakufa, na binti huyu hana viatu. Nikainua mguu ili ushahidi uonekane. Wakakubaliana mia mbili, na mzee akabaki na thamosi mkononi, na baba kwa adabu hakuidai. Ndivyo nilivyojifunza biashara: nilikuwa na miaka saba, na majira yale yote ya baridi nilivaa buti za mwaka uliotangulia, na mfuko wa mkate kati ya soksi mbili.

"Umenunua nini?" mama akauliza alipotoka dukani.

"Sinema."

"Sinema inavaliwa mguu gani?"

 Baba alibeba boksi begani mpaka kwenye treni.

Lazima niseme baba alikuwa nani kabla ya kusafisha ndege. Alizaliwa Buyenzi, Bujumbura, mtaa ambao mtoto hunyonya Kiswahili hata kama mama yake hakijui vizuri. Ujana wake ulipita kwenye sinema za video, zile za kuta za mabati na mabenchi. Nyie wa rika langu mliokulia huko mnamjua mtu ninayemsema: yule mfasiri anayesimama pembeni ya televisheni na kuwaambia watazamaji nini kinasemwa, na pale asipojua, anatunga. Baba alikuwa mfasiri. Mchina akipiga teke, ni baba aliyemtukana kwa Kiswahili. Walimpenda kuliko Mchina.

Hapa Stockholm hakukuwa na mtu anayehitaji kufasiriwa karate. Lakini katuni bubu, alisema, hiyo ni kazi ya mwanaume, kwa sababu hakuna sauti ya kukukosoa. "Picha haina ulimi, mama," aliniambia. Aliniita mama, kama wababa wa kwetu wanavyoita binti zao. "Ukiikopesha ulimi, inakuwa yako. Ila ukishaanza usinyamaze. Sinema bubu mtu akinyamaza, watoto wanaogopa."

Nyumbani hakukuwa na ukuta mtupu; mama alikuwa ametundika picha za Yesu mpaka jikoni. Kwa hiyo baba alifanya jambo ambalo mtu aliyekulia hapa asingethubutu. Alishika chumba cha kufulia.

Mnaoishi huku mnakijua. Kila jengo lina chumba cha mashine chini, na kila nyumba ina funguo yake ndogo ya kubana kwenye ubao wa saa, kushikia zamu ya kufua. Saa yako ni saa yako. Watu wapole wanaokusalimu kwenye lifti miaka kumi watakuchukia mpaka kaburini ukigusa saa yao ya kufua. Baba akabana funguo yetu Jumamosi jioni, saa kumi mpaka saa moja. Nyuma ya mashine kulikuwa na chumba cha kukaushia, hakina dirisha, kina kamba ukuta hadi ukuta na feni kubwa ya joto. Akaanika shuka jeupe, akapanga ndoo na makreti ya kukalia, akaita watoto.

Ila alikuwa mtu wa haki. Alisema si vizuri kushika saa ya kufua bila kufua. Kwa hiyo kabla ya kila onyesho aliweka soksi moja kwenye mashine, akamwaga sabuni, akawasha. Soksi ile ilizunguka peke yake saa nzima nyuma ya mgongo wetu. Ilikuwa soksi safi kuliko zote Uswidi.

Tulikuwa watoto wanane, wakati mwingine kumi na mmoja. Rafiki yangu Zuhura alikaa ubavuni kwangu. Mama yake, mtu wa Kigoma aliyekaa ghorofa ya pili, alishuka na kapu la maandazi akisema amekuja kuangalia usalama tu. Alikuwa anacheka kuliko sisi.

"Mabibi na mabwana," baba alianza, "na nyie msiolipa kiingilio, mnaofuta makamasi kwa mkono. Leo mtaona mambo."

Projekta ikaanza kutafuna. Tratatata. Kwenye shuka ukatokea ubao mweusi, na kwenye ubao mkono wa mtu, mkono mtupu umekatwa na ukingo wa picha, umeshika chaki. Mkono ukachora sikio. Ukachora sikio la pili, pua, tumbo, mkia. Chaki ilipomaliza mkia, yule mbwa akajikung'uta kama aliyetoka majini, akaanza kutembea.

"Huyu," baba akasema, na sauti yake ikashuka kidogo, "anaitwa Fiston. Yuko safarini. Anakwenda kwa mama yake."

Filamu nyingine zilikuwa na paka na panya na tembo anayecheza dansi, na zote tulizipenda, lakini Fiston tulimdai kila Jumamosi. Nitawasimulia safari yake kama baba alivyoisimulia, kwa sababu nyingine sikuijua. Fiston ana njaa. Anapita dirisha lenye chungu kinachotoka mvuke. Anaushika mvuke, anaupanda kama ngazi, anachungulia chunguni. Polisi anatokea, mnene, ana masharubu. Baba alimpa polisi Kiswidi. "Namba yako ya utambulisho!" alifoka, na kile ndicho Kiswidi pekee alichosema bila kukosea. Fiston anapapasa kifua, hana mfuko. "Ngoja nikuletee," anasema kwa Kiswahili safi cha Buyenzi, "nimeisahau kwenye suruali," na anakimbia, naye hana suruali. Mama Zuhura alikuwa anapiga paja lake hapo. "Jamani huyu mbwa ni wa kwetu!"

Anafika mtoni. Anang'oa masikio yake mawili, anayafanya makasia, anavuka. Upande wa pili anakuja mtu na gari la kushindilia barabara, linampitia Fiston, anabaki bapa kama chapati. Mara ya kwanza nililia. Baba hakusimamisha filamu. Alisema kwa sauti ya Fiston, sauti nyembamba isiyo na haraka: "Hii barabara nzuri. Sasa imenyooka mpaka kwetu." Chapati ikajikunja, ikajipuliza, ikawa mbwa tena. Usiku unaingia. Fiston anachukua kivuli chake mwenyewe, anakikunja mara mbili, anajifunika.

"Anasikia baridi," nikasema, kwa sababu alikuwa anatetemeka kweli. Feni ya kukaushia ilikuwa inapuliza shuka. Hilo nimelijua baadaye. Wakati ule nilidhani amefika Uswidi.

"Atazoea, mama," akasema baba. "Hata sisi tumezoea."

Asubuhi Fiston anaona nyumba. Ndogo, bomba la moshi, mlango mmoja. Anakimbia. Anabisha hodi. Mlango unaanza kufunguka, na hapo, kila Jumamosi, baba aliweka kiganja mbele ya lenzi. Shuka likawa giza. Vidole vyake viliwaka pembeni, vyekundu kama makaa, na katika giza lile sauti yake ilisema: "Mlango umefunguliwa. Mama amemwona. Fiston amefika."

Tukapiga makofi. Filamu iliendelea kutafunwa chini ya kiganja chake, halafu mkia wa filamu ukawa unapiga chuma, tap tap tap, naye akazima.

Siku moja bibi wa Kiswidi wa ghorofa ya kwanza aliingia na kikapu cha nguo, akiwa tayari amekunja uso, kwa kuwa alisikia vicheko mahali ambapo panatakiwa kusikika mashine. Aliona mashine inazunguka. Alichungulia kioo, akaiona soksi. Aliitazama ile soksi muda mrefu. Kisha akaingia kule nyuma, akaona mbwa anapanda mvuke, akakaa juu ya ndoo. Nilimwona akitabasamu, jambo ambalo Zuhura alisema haliwezekani, ni meno tu. Baba alipoziba lenzi, yule bibi akasema kwa Kiswidi, "Lakini mwisho wake je? Nakumbuka kuna mwisho."

"Mwisho ni huu," baba akamjibu. "Nyumbani."

Bibi akamtazama, akachukua kikapu chake. Nilidhani amezeeka na amechanganya filamu.

Mtoto akikosa maelezo anajitengenezea. Mimi nilikuwa na maelezo kamili. Mkono ule uliokatwa na ukingo, uliochora Fiston, ulikuwa mkono wa baba. Ulikuwa na vidole virefu kama vyake, na uliingia kutoka upande uleule aliokaa. Na kiganja kilichoziba mwisho ni kilekile, kinamrudisha Fiston alikotoka ili Jumamosi ijayo achorwe upya. Kwa hiyo baba yangu, aliyefuta viti vya ndege usiku, alikuwa na uwezo wa kuumba mbwa. Sikumwambia mtu. Siri kama ile ukiigawa inapungua.

Mama hakuwahi kushuka. Alisema ana kazi, na kweli alikuwa nazo. Lakini mimi na baba pia hatukumsimulia. Sijui kwa nini; baba hakunikataza kusema, ila mimi sikusema. Labda niliona sura yake pale anapotaja jina lile.

Kanisa letu lilikuwa likikodi ukumbi Upplands Väsby. Jumapili moja ya mwisho wa baridi kulikuwa na familia mpya kutoka Burundi, wakaitwa mbele kujitambulisha. Baba yao alishika maiki kwa mikono miwili. Akamtaja mkewe, akamtaja binti, kisha akaweka mkono juu ya kichwa cha mvulana mdogo mwenye sweta kubwa.

"Na huyu ni Fiston."

Nilicheka. Nilicheka kwa furaha, nataka hilo lieleweke, jinsi mtu anavyocheka akikutana na jirani katika nchi ya mbali. Nikasema kwa sauti iliyofika mpaka kwenye kinanda, "Baba! Ana jina la mbwa wetu!"

Watu walicheka. Mama hakucheka. Aligeuka polepole.

"Mbwa gani?"

"Wa kwenye sinema. Fiston. Yule anayekwenda kwa mama yake."

Mama alimtazama baba juu ya kichwa changu. Baba aliangalia kofia yake. Kwenye treni ya kurudi walikaa viti viwili tofauti, nami nikakaa katikati ya njia kwenye kiti cha kukunja, nikijaribu kuelewa kama tatizo ni kucheka kanisani.

Jumamosi iliyofuata mama alishuka. Alivaa kitenge chake cha kutokea. Hakukaa, alisimama karibu na mlango, mgongo kwenye bomba la joto. Mama Zuhura alimsogezea kreti, akatikisa kichwa.

Mkono ukachora sikio. Ukachora sikio la pili. Mbwa akajikung'uta, akaanza kutembea, na baba hakusema kitu. Tratatata. Fiston alitembea kwenye shuka peke yake, mdomo ukifunguka na kufungika. Sijawahi kuona jambo la kutisha vile. Zuhura akanishika mkono. Kichanga mmoja akaanza kulia.

"Baba, ongea!" nikasema.

Ni mama aliyejibu, kule mlangoni. "Endelea. Waambie anakwenda wapi."

"Anakwenda..." baba akasema. Akakohoa. "Anakwenda kwa mama yake."

"Anakwenda na nani?"

 Polisi alikuja, akafoka bila sauti. Fiston alivuka mto. Gari la barabara lilimpitia. Baba alijaribu ile sauti nyembamba, "Hii barabara nzuri," ikakatika. Fiston akajifunika kivuli. Asubuhi ikafika, na nyumba, na hodi, na mlango ukaanza kufunguka, na kiganja cha baba kikaja mbele ya lenzi.

"Toa mkono," mama akasema.

Vidole viliwaka vyekundu.

"Toa mkono nione. Miaka yote nakuuliza ilikuwaje, unaniziba. Toa mkono, baba Fiston."

Hakuna aliyewahi kumwita baba yangu hivyo mbele yangu. Nilikuwa najua anaitwa kwa jina langu mimi.

Hakuutoa. Filamu ilipita yote chini ya kiganja chake mpaka mkia ukaanza kupiga chuma. Mama alikwenda kwenye kamba, akatoa vibanio, akalikunja shuka kona kwa kona kama linavyokunjwa, akaliweka mkononi mwa Mama Zuhura kwa sababu ndiye aliyekuwa karibu, akapanda juu. Nyuma yetu mashine ilikuwa inazungusha soksi.

Usiniulize niliwaza nini. Niliwaza kama mtoto. Niliwaza kwamba Fiston amepotea kwa sababu shuka limekunjwa, na mama amekasirika kwa sababu hakumwona. Kazi ilikuwa rahisi. Nilikuwa na chaki nene za kuchezea barazani, za rangi. Kesho yake nikazipeleka kwa baba aliyekuwa amekaa jikoni na koti lake, nikazipanga mezani.

"Mchore tena," nikamwambia. "Mchore mbele ya mama. Nyekundu imevunjika, lakini nyeupe ipo."

Baba alizitazama. Akachukua ile nyeupe, akaigeuzageuza.

"Mkono ule si wangu, mama," akasema. "Nilidhani unajua."

Projekta ikafungwa kwa kamba ya kuanikia, ikashuka stoo. Baba aliendelea kuwa mtu wa watu, alisema utani kazini na kanisani, alibishana bei ya viazi. Lakini ile sauti nyembamba isiyo na haraka sikuisikia tena.

Habari yenyewe niliipata nikiwa na tumbo la Aline. Nilikuwa namenya viazi na mama, tunatafuta majina, nikasema akiwa mvulana labda Fiston, nimelipenda tangu utotoni. Mama akaweka kisu chini. Akaniambia kwamba nilikuwa na kaka. Vita vilipoingia mtaani, yeye mwenye mimba yangu alitangulia kuvuka mpaka na majirani, akapata chumba upande wa Kongo, nyumba ya mlango mmoja. Baba angemfuata na mtoto. Alingoja. Siku moja hodi ikapigwa, akakimbia kufungua, na baba yangu alikuwa amesimama peke yake, mabega yake yamekaa kama ya mtu ambaye bado amebeba kitu.

"Alisema homa. Homa, njiani. Hajasema lingine mpaka leo," mama akasema. "Kama mtoto aliniita, sijui. Kama alilia, sijui. Amemlaza wapi, chini ya mti gani, hakusema. Kila nikiuliza anaziba." Akachukua kisu, akaendelea na viazi. "Halafu nasikia kanisani kwamba kumbe anasimulia. Anawasimulia watoto wa watu. Na huko anafika."

Sasa mnielewe nilivyokaa kwenye sakafu ile ya stoo.

Nilinunua taa mpya. Muuzaji alitaka krona mia moja na ishirini. Nilimpa tisini na sambusa nne. Nikaisimamisha projekta jikoni kwangu, nikaelekeza kwenye mlango wa friji, Aline akakaa juu ya meza. Mkono ukachora sikio. Nilijikuta nimeinamia mbele kama mpumbavu. Kidole cha shahada kilikuwa na pete pana, sikuwahi kuiona. Baba hakuwahi kuvaa pete pale.

"Kwa nini hasemi kitu?" Aline akauliza, kwa Kiswidi.

Mimi ni mtu wa maneno. Nimewahi kumuuzia mwanamke sufuria aliyoniuzia mwenyewe mwaka uliopita. Nikafungua mdomo nimkopeshe Fiston ulimi, na nikakuta nina vipande tu. Namba ya utambulisho. Barabara nzuri. Atazoea. Katikati ya vipande kulikuwa na kimya, na mbwa anatembea.

Kisha nyumba, hodi, mlango. Mkono wangu ulikwenda wenyewe mpaka karibu na lenzi, nikaurudisha. Mlango unafunguka wote. Ndani hamna mtu. Fiston anachungulia, anageuka, anatutazama sisi, anainua mguu wa mbele kama anayeaga au anayeuliza. Mkono wenye pete unaingia na kifutio cha ubao. Unaanza na miguu. Unapanda tumbo. Masikio ndiyo ya mwisho. Kisha mkono unakung'uta vumbi, na ubao unabaki mweusi, na nadhani mtu aliyetengeneza alikusudia tucheke.

"Nani anafanya hivyo?" Aline akasema.

Nikamwambia sijui, mkono wa mtu tu.

Mama hajaiona. Nilimweleza kwamba nimeipata, sikumweleza mwisho. Alikuwa anapanga vikombe kwenye boksi. Tunamaliza matanga ya baba Jumamosi ya wiki ijayo, ukumbi uleule wa Upplands Väsby, wali na isombe ya majani ya muhogo, watu wa kutoka hata Kongo na Kigoma. Akasema tuanike shuka kabla ya chakula.

"Mbele za watu, mama?"

"Mbele za watu. Yeye aliificha kwenye chumba cha kufulia. Imetosha."

"Mwisho wake si mzuri."

"Weye mtoto," akasema, "unadhani miaka yote hii mimi nimekuwa najionyesha mwisho mzuri?" Akafunga kikombe kwenye gazeti. "Usiweke mkono wako. Na uongee kama baba yako alivyokuwa anaongea. Nilikuwa nasikia kwenye bomba la joto, kule juu. Kila Jumamosi. Kabla hata hujanitajia kanisani nilikuwa nasikia sauti ile, ila maneno yalikuwa hayafiki."

Nimekubali. Mkono sitaweka. Jambo hilo siwaulizi, limeshapita.

Ninalowauliza ni hili. Tangu mlango unapofunguka mpaka ubao unapobaki mtupu ni sekunde kumi na nne. Nimehesabu mara mbili. Baba hakuniachia neno la kusema hapo. Na alinifundisha kwamba filamu ya namna hii huwezi kuinyamazia, watu wataogopa. Nyie mliokaa kwenye mabenchi ya sinema za video, Buyenzi, Uvira, Kigoma, popote, na mfasiri amesimama pembeni: picha ilipofika mahali kama hapa, mtoto yuko mlangoni na ndani hamna mtu, alikuwa anasema nini? Niandikieni hata kama ni maneno machache. Mama amesema atakaa mstari wa mbele.